Kiapo cha Mpeleka Hati

Mimi, Jotham Lukalo, mtu mzima mwenye akili timamu,
mkazi wa Malava, mwenye kibali cha kupeleka hati za korti,
naapa na kusema hivi:

kwamba tarehe kumi na nne Machi, siku ya soko,
nilipokea kwa karani amri moja yenye muhuri,
wino ungali mbichi, ukanipaka kidole gumba;
kwamba nilikwenda kwa baiskeli, maana nauli ya boda
mlalamikaji alikuwa amenilipa kwa mayai.

Kwamba nilimkuta Zablon Shikanda uani pake
akipukuchua mahindi. Nilimwamkia.
Akaitikia vizuri, akanisogezea kigoda.
(Hili halimo kwenye fomu.
Fomu haiulizi kama mtu alikupa kigoda.)
Nikamnyoshea karatasi. Mikono yake ikaenda nyuma
kama ya mtoto aliyeambiwa aonyeshe kucha.
"Weka chini," akasema. Nikaiweka chini.
Kuku akaikanyaga.
Sheria inasema hapo imefika.

Husema sheria ni msumeno.
Nimeubeba msumeno huo miaka kumi na tisa
ndani ya mfuko wa plastiki, usinyeshewe,
na bado sijauona mpini wake.

Kwamba aliniuliza imeandikwa nini, nikamwambia:
miwa ya ekari mbili na robo, ng'ambo ya kijito,
aliyoiacha marehemu ndugu yako Enos,
isikatwe, isipakiwe, isiuzwe,
mpaka kesi ya mjane wake Rasoa isikizwe.
Alicheka kidogo tu. "Miwa haijui kusoma.
Ikiiva imeiva."

Usiku wa tatu trekta liliingia bila taa.
Nililisikia. Sote tulilisikia, hata mzee wa mtaa
aliyeapa baadaye kwamba masikio yalikuwa yakimuuma.
Asubuhi njia nzima ilikuwa maganda na majani makavu,
na watoto wakienda shule
huku wakitafuna ushahidi.

Kortini Zablon alikuja na koti la harusi ya mwanawe.
Wakili wake akasimama: mteja wangu hajui kusoma,
hakuigusa karatasi, hakutia sahihi,
na huyu mpeleka hati huenda alimnong'onezea kuku.
Atadharau vipi asichokijua?
Watu wakacheka. Hakimu hakucheka.
Akanigeukia, kalamu ikiwa hewani.
"Bwana Lukalo. Alijua?"

Hapa, Mheshimiwa, kiapo changu kiliruka mstari.
Kwa sababu siku ile, nilipofika langoni, niligeuka
nikamwona binti yake, Ayuma, wa darasa la saba,
ameiokota, ameipangusa mavi ya kuku kwa sketi ya shule,
anakisoma Kiingereza cha korti
na kukigeuza Kikabrasi, neno kwa neno,
kwa sauti ile ya kusomea wageni,
mpaka chini kabisa, kwenye herufi kubwa,
kwamba asiyetii atafungwa.
"Atafungwa" alilisoma mara mbili.
Ya pili polepole.

Sikuliandika. Nani humtia mtoto kwenye hati?
Sikutaka jela ya baba ipitie mdomoni mwake.
Nikatazama benchi ya nyuma. Alikuwapo,
soksi moja juu, moja imeshuka,
akinitazama kama mwalimu
anayesubiri jibu analolijua.

Nikasema: Alijua.
Nikasema nani alimsomea.

Siku thelathini, au arudishe pesa ya miwa yote.
Pesa ilikwishakuwa mabati.
Zablon akavua koti, akalikunja vizuri, akampa binti.
Hakumgombeza. Alimwambia tu,
"Ulisoma vizuri."

Rasoa ameniuliza, hii ya nne nayo inasemaje?
Nikamsomea. Akaikunja, akaitia
ndani ya mkebe wa mafuta ya kupikia pamoja na zile tatu,
akaenda kutazama shamba.
Ng'ambo ya kijito visiki vimeanza kuchipua,
kijani kibichi, kila kimoja,
bila kungoja tarehe ya kutajwa kwa kesi.

Kwamba yote niliyoyasema ni kweli
kwa kadiri ya ufahamu wangu,
na kwamba kile kigoda nilikikalia.